MKOPO SI AIBU, AIBU NI KUMPELEKA MTOTO BILA YA KARATASI



Kila dirisha la usajili likifunguliwa huwa naona mambo mawili kwa watu wetu. La kwanza ni shangwe. Kijana fulani kasajiliwa, picha yake na fulana mpya inazunguka kwenye simu kutoka Muscat mpaka London, na kila mtu ghafla alikuwa jirani yake. La pili huja baada ya mwaka mmoja au miwili, pale kijana yule yule anapopelekwa klabu nyengine kwa mkopo. Hapo shangwe inageuka kejeli. Kashindwa huyo. Hana bidii. Kapata pesa kalewa. Na wanaosema hivyo ni wale wale waliokuwa wakisambaza picha.

Mimi nasema kejeli hiyo ni ujinga, na ubaya wake mkubwa ni kuwa inawafichia makosa watu wanaostahili kuulizwa. Mkopo ni sehemu ya kazi ya mpira kama zamu ya usiku ilivyo sehemu ya kazi yangu. Kinachowamaliza vijana wetu ni kuondoka nyumbani bila ya karatasi tatu: daftari la usajili linaloonyesha walilelewa wapi, mkataba waliousoma wakaufahamu, na cheti cha afya pamoja na bima ya matibabu. Kuzitayarisha karatasi hizo si kazi ya mtoto wa miaka 17. Ni kazi ya watu wazima, yaani viongozi wa klabu, viongozi wa vyama vya mpira, serikali, na sisi tulioko nje ambao tunajisifu kuwa tumeiona dunia.

Kwa wasionijua, mimi nimezaliwa Unguja, nina shahada ya uuguzi, nimeolewa Ibra na nafanya kazi huku huku Sharqiyah. Kupiga danadana sijui hata tatu. Lakini magoti ya vijana nayajua, na mikataba ya kazi ya ugenini naijua. Nadhani hayo mawili yananipa ruhusa ya kusema.

ALI AL-HABSI NAYE ALIKOPESHWA

Nianze na mtu wa hapa hapa. Kutoka Ibra kwa gari, hufikishi saa moja uko Mudhaibi. Hapo ndipo alipoanzia mpira golikipa Ali Al-Habsi, aliyezaliwa mwaka 1981. Klabu ya Al-Mudhaibi si katika vigogo vya Omani, na kijana mwenyewe alikuwa akifanya kazi ya zimamoto katika uwanja wa ndege wa Seeb. Akaonwa na John Burridge, golikipa wa zamani wa Uingereza ambaye alikuwa akiwafundisha makipa wa Omani. Baada ya hapo akaenda Al-Nasr ya Salalah, mwaka 2003 akaenda Lyn ya Oslo, na mwaka 2004 akachaguliwa golikipa bora wa Norway. Januari 2006 akasajiliwa na Bolton ya Uingereza.

Sasa hesabuni nami. Alisajiliwa Januari 2006, na mechi yake ya kwanza katika Ligi Kuu ya Uingereza alicheza Machi 2008. Miaka miwili na zaidi alikaa nyuma ya Jussi Jääskeläinen akifanya mazoezi na kusubiri. Mwaka 2010 wakampeleka Wigan kwa mkopo. Kwa kipimo cha wakejeli wetu hapo ndipo alipokwisha. Lakini msimu ule ule wa mkopo alichaguliwa mchezaji bora wa mwaka wa Wigan, na mwaka 2011 wakamnunua kabisa. Mwaka 2013 alikuwa katika kikosi cha Wigan kilipochukua Kombe la FA. Baadaye akakopeshwa tena, Brighton, khalafu Reading, Al-Hilal ya Saudia na West Brom, mpaka akastaafu mwaka 2020. Na katikati ya safari hiyo, Januari 2009, Omani ilichukua Kombe la Ghuba Muscat yeye akiwa golini, bila ya kufungwa hata bao moja mashindano mazima kabla ya penalti za fainali.

Mbwana Samatta wetu je? African Lyon, Simba, mwaka 2011 TP Mazembe ya Lubumbashi, mwaka 2015 ubingwa wa Afrika wa vilabu, Januari 2016 Genk ya Ubelgiji. Akawa mmoja wa wafungaji wakubwa wa ligi ya Ubelgiji msimu wa 2018-19 na Genk ikatwaa ubingwa. Januari 2020 akaenda Aston Villa, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza na kufunga katika Ligi Kuu ya Uingereza, na tarehe 1 Machi 2020 akafunga katika fainali ya Kombe la Ligi dhidi ya Manchester City. Miezi michache tu mbele, Fenerbahçe. Kutoka hapo Antwerp kwa mkopo, Genk kwa mkopo, mwaka 2023 PAOK ya Ugiriki ambako alipata ubingwa wa ligi, na mwaka 2025 Le Havre ya Ufaransa. Nakumbuka watu wazima wenye akili zao wakimcheka alipokuwa Antwerp. Jamani! Huyo ni mfanyakazi aliyelipwa mshahara wake katika nchi sita za nje. Nani kati yetu anaweza kusema hivyo?

Hawa wawili walifika kwa sababu kila walipohamishwa palikuwa na karatasi nyuma yao, yaani klabu inayojulikana, mkataba unaojulikana, hati ya kimataifa ya uhamisho. Kipaji kilikuwepo, lakini kipaji peke yake hakivuki mpaka. Mwaka 1995 vijana wa Omani wa chini ya miaka 17 walishika nafasi ya nne katika Kombe la Dunia la vijana kule Ecuador, na Mohammed Al-Kathiri akapewa Mpira wa Dhahabu, maana yake mchezaji bora wa mashindano yote. Bora duniani kwa umri wake! Hakupata kucheza katika ligi yoyote kubwa ya Ulaya. Mtasema naye hakuwa na bidii?

KARATASI YA KWANZA: DAFTARI

Hili ndilo jambo ambalo viongozi wetu hawapendi lizungumzwe, kwa sababu lina pesa ndani yake.

FIFA ina kanuni tangu mwaka 2001 kuwa mchezaji akiuzwa kutoka nchi moja kwenda nyengine, asilimia 5 ya bei yake inakatwa na kugaiwa klabu zote zilizomlea kuanzia mwaka anaotimiza miaka 12 mpaka 23. Kila mwaka wa umri wa 12 mpaka 15 unahesabiwa robo ya asilimia moja, na kila mwaka wa 16 mpaka 23 nusu ya asilimia moja. Chukua mfano mdogo. Kijana kauzwa dola milioni 1. Klabu iliyokaa naye kuanzia miaka 12 mpaka 15 inastahiki dola 10,000. Ikiwa ilikaa naye na miaka 16 na 17 pia, inaongezewa dola 10,000 nyengine. Kwa timu ya mtaani Unguja au Pemba, dola 20,000 ni mipira, viatu, nauli za boti na mshahara wa mwalimu kwa miaka. Na kijana akiuzwa tena kabla ya mkataba kwisha, wanalipwa tena. Hata mkopo wa kulipia unahesabiwa. Kwa hiyo ule mkopo mnaoucheka unaweza kuwa riziki ya timu iliyomfundisha kupiga mpira.

Lakini pesa hiyo inafuata karatasi inayoitwa pasi ya mchezaji, yaani orodha ya klabu zote alizosajiliwa, mwaka kwa mwaka. Kama timu yako ya Juvenile haikumsajili, au ilimsajili kwa jina jengine, au ilimpunguzia umri ili acheze na wadogo, basi miaka hiyo kwenye pasi ni tupu. Na kama klabu imeshakufa, kanuni inaruhusu chama cha mpira cha nchi kulidai fungu lake kwa ajili ya soka la vijana. Hebu zihesabuni klabu zilizokufa Zanzibar tangu mlipokuwa wadogo.

Hapa siasa inaingia, mtake msitake. Zanzibar si mwanachama wa FIFA. Machi 2017 CAF ilitupokea kuwa mwanachama wa 55, watu wakalia kwa furaha, na Julai mwaka ule ule ikatuondoa. Desemba 2017 vijana wetu wakafika fainali ya CECAFA na Kenya, wakafungwa kwa penalti tu. Mjadala wetu ukawa ni bendera na wimbo wa taifa. Mimi bendera naipenda, lakini nataka mjue maana ya jambo hili kwa mtoto wa Jang'ombe. Akivuka bahari kwenda klabu ya Dar es Salaam, mbele ya FIFA hajavuka mpaka wowote. Ni uhamisho wa ndani. Fidia ya malezi ya kimataifa haipo hapo, inabaki kanuni za ndani na ukarimu wa watu. Na siku atakapouzwa nje, hati ya kimataifa inatolewa na TFF. Sisi tunalea, mwengine ndiye mwenye muhuri. Sawa, kama ndivyo ilivyo leo, kwa nini basi hatudai daftari letu litambuliwe mwaka kwa mwaka, jina kwa jina? Hilo halihitaji kura ya CAF. Linahitaji kalamu na mtu mwaminifu.

KARATASI YA PILI: MKATABA

Wageni tunaofanya kazi Omani tunaijua vizuri barua ya kutokuwa na pingamizi. Mpaka mwisho wa 2020, mfanyakazi wa kigeni aliyetaka kwenda kwa mwajiri mwengine alihitaji mwajiri wa zamani amwandikie barua hiyo, la sivyo aondoke nchini na asirudi kufanya kazi kwa miaka miwili. Kuanzia Januari 2021 sharti hilo limeondoshwa kwa aliyemaliza mkataba wake. Mpira wa Ulaya nao ulikuwa na ufungwa kama huo mpaka Desemba 1995, pale Mbelgiji Jean-Marc Bosman aliposhinda kesi yake, na mchezaji aliyemaliza mkataba akawa huru kwenda atakako. Kwa hiyo mjue ya kuwa mchezaji ni MFANYAKAZI. Haki zake ziko katika mkataba, na mkataba asioweza kuusoma ni kamba shingoni.

Tizameni kisa cha Feisal Salum, Fei Toto, kijana wa Zanzibar aliyetokea JKU akaenda Yanga. Desemba 2022 alitaka kuuvunja mkataba wake kwa kurudisha fedha, klabu ikakataa, na kamati ya TFF ikasema bado ni mchezaji wa Yanga. Miezi mingi hakucheza. Jambo lilikwisha Juni 2023, baada ya Rais Samia Suluhu Hassan kuingilia kati hadharani, na ndipo akauzwa Azam. Sisemi hapa nani alikuwa na haki. Nasema kuwa nchi ambayo mgogoro wa mkataba wa mfanyakazi mmoja unamalizwa na Rais wa Jamhuri ni nchi ambayo vijana wake wengine wote hawana pa kwenda. Fei Toto ana jina. Asiye na jina atamwendea Rais yupi?

Ninaye mmoja asiye na jina. Ni mtoto wa kaka yangu, alikuwa na miaka 19. Dalali mmoja alimtoa Unguja akamleta Dakhiliyah kwa majaribio katika klabu ambayo siitaji. Viza yake haikuandikwa mchezaji, iliandikwa kibarua. Karatasi aliyotia saini ilikuwa ya Kiarabu, na yeye Kiarabu chake ni cha chuoni, cha kusoma Qur'ani, si cha kusoma vifungu vya mkataba. Nilipomuuliza ulikubali nini, akanijibu: "Shangazi, nilitia saini pale walipoweka alama ya kalamu." Mwezi wa tatu aliumia goti mazoezini. Klabu ikasema huyu hatumjui, hakusajiliwa kwetu. Dalali akabadilisha nambari ya simu. Kipimo cha MRI tulikilipa mimi na mume wangu, na nauli ya kurudi tukachangishana jamaa wa Ibra na Nizwa. Leo anachechemea kidogo na anauza duka la mtu Darajani. Na mtaani kwao wanasema nini? Kashindwa Uarabuni.

Hakushindwa. Hakupewa hata nafasi ya kushindwa.

Kanuni za kumlinda zipo. Kijana wa chini ya miaka 18 hahamishwi kimataifa ila kwa sababu chache zilizoandikwa. Tangu 2023 wakala anatakiwa awe amefaulu mtihani wa FIFA na ana leseni, na jina lake linatafutika. Tangu Julai 2022 mkopo wa kimataifa haupitishi mwaka mmoja kwa kila makubaliano, na klabu iliyokopa haiwezi kumkopesha mchezaji huyo kwa klabu ya tatu. Kanuni hizo zilikuja baada ya vilabu vikubwa kugeuza vijana kuwa bidhaa za ghalani. Chelsea iliwahi kuwa na wachezaji kama 40 nje kwa mkopo katika msimu mmoja. Lakini tizameni tofauti. Kijana wa Chelsea aliyeko kwa mkopo ana mshahara, ana daktari, ana mwanasheria. Wetu ana alama ya kalamu.

KARATASI YA TATU: AFYA

Hapa niachieni nizungumze kama muuguzi. Kinachouzwa na kukopeshwa katika mpira ni mwili wa mtu, na mwili una historia yake.

Kano ya ndani ya goti, ile ambayo wachezaji wanaiita ACL, ikikatika inataka upasuaji mzuri na miezi tisa au zaidi ya mazoezi ya tiba. Mwenye mkataba wa kweli hupata hayo huku mshahara ukiingia. Asiye na mkataba hufungwa bendeji akaambiwa apumzike, na baada ya mwezi anarudi uwanjani kujitia kilema kabisa.

Jengine ni damu. Hapa Omani watu kama 6 katika kila 100 wanabeba chembe ya urithi ya selimundu, na sisi wa mwambao hatuko mbali na hali hiyo. Wengi wao wanaishi na kucheza bila ya tabu yoyote. Lakini mbebaji anayekimbizwa sana katika joto la Sharqiyah bila ya maji na bila ya kupumzishwa anaweza kuanguka na kufa, na kocha akadhani ni uvivu. Kipimo chake ni tone la damu. Halafu kuna moyo. Ismail Mrisho Khalfan, kijana wa Mbao FC, alianguka uwanjani Bukoba mwaka 2016 akafariki. Mukhaled Al-Raqadi wa klabu ya Muscat alianguka akipasha mwili kabla ya mechi Novemba 2021 akafariki, ana miaka 29. Si kila kifo kinazuilika, na kudra ya Mungu haipingwi. Lakini kupima moyo kabla ya kumkimbiza mtoto, na kuwa na mashine ya kuushtua moyo pembeni mwa uwanja, hayo ni wajibu wetu kabla ya kusema kudra.

MTASEMA

Najua mtakayosema. Mtasema Al-Habsi alikuwa zimamoto na akafika, kwa hiyo mwenye nia hafungwi. Nami nawajibu kuwa Al-Habsi alikuwa na ajira halali, klabu halali na mwalimu aliyejua njia ya Ulaya kwa sababu ameipita mwenyewe. Mtoeni hayo matatu muone angefika wapi.

Mtasema mpira ni mchezo, watoto wasome. Watoto wasome, nakubali kabisa, na mimi ni matunda ya skuli. Lakini vijana wanaondoka, mkipenda msipende, na mchezo huu unalipa kodi, unaajiri watu na unauza tiketi. Omani ilianzisha ligi yake ya kulipwa msimu wa 2013-14. Njooni Sur siku ya mechi ya Al-Oruba muone kama huo ni mchezo wa watoto. Na hata huku wachezaji wengi wa Kiomani wameajiriwa jeshini, polisi au serikalini pamoja na mpira, kwa sababu wazee wao walijua kuwa goti halina dhamana.

Mtasema serikali haina pesa. Ina pesa ya kupokea timu uwanja wa ndege kwa ving'ora na picha. Daftari halifiki hata bei ya petroli ya msafara huo.

KWA HIYO NINATAKA NINI

1. ZFF iwe na daftari la kila mtoto wa timu za vijana kuanzia miaka 12, jina la cheti cha kuzaliwa, klabu, mwaka, na nakala ibaki klabuni. Wanaopunguza umri waadhibiwe viongozi, si mtoto.

2. TFF iseme wazi ni fedha ngapi za malezi zimepokelewa kwa wachezaji waliolelewa Zanzibar, na zimekwenda wapi. Kama hakuna iliyopokelewa, iseme hivyo pia.

3. Mkataba wa kijana yeyote usitiwe saini bila ya nakala ya Kiswahili na bila ya mzazi au mlezi kuwepo. Dalali asiye na leseni apelekwe polisi kama msafirishaji wa watu, kwani ndicho anachofanya.

4. Kila kijana apimwe moyo, damu na magoti kabla ya kusafiri, na cheti kiende naye. Wauguzi na madaktari wa Kizanzibari tuko wengi Ghuba na Ulaya. Nikiwa likizo Unguja mimi nitapima bure, na wenzangu wapo watakaokubali.

5. Na sisi tulioko nje. Kila mwaka tunachangishana kununua majezi ili tupigwe picha. Mwaka mmoja tu, badala ya majezi, tumlipe mwanasheria mmoja anayejua Kiarabu, Kiingereza na Kiswahili akae na simu, asome mkataba wa kila kijana kabla ya kutia saini. Riyali tano kwa kila kaya zinatosha kuanzia.

La mwisho kabisa, ukiona kijana wetu amekopeshwa, kabla ya kuandika kejeli jiulize kwanza: ana mkataba? Analipwa? Akiumia atatibiwa? Kama jibu ni ndiyo, mshangilie, yuko kazini. Kama jibu ni hapana, wacha kumcheka na mtafute aliyempeleka.

Wabillahi tawfiq.

Muuguzi wa Sharqiyah,
Ibra, Omani